Nyuso zimo, miguu haimo: kanda za kirumbizi na funzo la Pavlova

FundiKanda_Langoni (mwanzisha uzi)

Assalaam alaykum wana jamvi. Uzi ni mrefu, tilieni chai kwanza.

Wiki tatu zilizopita kijana mmoja aliingia dukani kwangu hapa Langoni, Lamu, amekumbatia kikapu cha mkeka chenye kanda kumi na moja za VHS. Babu yake alikuwa mchezaji wa kirumbizi, ile ngoma yetu ya fimbo. Watu wa rika langu na walionitangulia watamjua bila kutajwa, na familia imeniomba nisimtaje, basi tumwite Mzee. Mpiga zumari mmoja aliwahi kuniambia kwamba akimwona Mzee anavua makubadhi pembeni ya uwanja, pumzi nyingine humwingia kifuani. Amefariki miaka kadhaa sasa, na mjukuu anataka kujifunza hatua zake.

Katika zile kanda, ya tano niliipiga mimi. Harusi ya Mkomani, 1997. Nilikuwa na miaka kumi na tisa, mwanagenzi, nimebebeshwa kamera ya begani nzito kama mtoto wa miaka miwili. Tajiri wangu alinipa agizo moja: vuta nyuso, nyuso ndizo zinazouza kanda. Watu wananunua wajione.

Nikaitia kwenye deki tukakaa, mimi na mjukuu, feni inazunguka. Dakika ya thelathini na nane Mzee anaingia. Uso wake umejaa kioo chote. Jasho, ndevu, kofia ya vito. Halafu bwana harusi. Halafu mkono wa mtu unatuza noti. Halafu uso wa Mzee tena. Fimbo zinasikika zikigongana, hazionekani. Dakika kumi na mbili za mtu ambaye mji mzima ulikuwa ukienda kutazama miguu yake, na hakuna hata kisigino.

Kijana hakunilaumu. Aliuliza tu, "Ami, miguu iko wapi?"

Usiku ule usingizi ulinipita mbali. Nikaanza kusoma wenzetu wamefanyaje, nikaangukia mahali nisipopatarajia kabisa: baleti. Chekeni, nami nilicheka. Wale ni watu wa sakafu za mbao na majumba ya taa, sisi ni watu wa mchanga na fimbo. Lakini shida yao ni hii hii yetu. Hatua inakaa mwilini mwa mtu, na akizikwa inakwenda naye.

Chukua Vaslav Nijinsky, mchezaji wa baleti wa Kirusi. Aliitikisa Paris kuanzia 1909, na waliomwona walisimulia kwamba akiruka ni kama hewa inamkalisha kidogo kabla ya kumrudisha. Hakuna kipande chochote cha filamu kinachojulikana kinachomwonyesha akicheza. Kamera zilikuwepo, sinema ilikuwa na zaidi ya miaka kumi tayari. Ila Diaghilev, mwenye kundi, hakutaka wachezaji wake wapigwe filamu. Zimebaki picha za mnato na masimulizi, na masimulizi mnayajua, kila mwaka yule mtu anaruka juu zaidi.

Sasa mchukue Anna Pavlova, mchezaji mwenzake. Amezaliwa St. Petersburg 1881, amefariki The Hague Januari 1931, na katikati hapo amezunguka dunia kwa meli na treni hata sijui alilala lini. Mwaka 1924 alikuwa Hollywood, na Douglas Fairbanks akampisha ndani ya seti ya The Thief of Bagdad. Pale wakampiga filamu za dansi fupi fupi chache. Hazina sauti wala rangi, na yeye alikuwa ameshavuka arobaini. Baada ya kifo chake Victor Dandré, aliyekuwa mwenzi na meneja wake, akakusanya vipande vya namna hiyo ikatoka filamu moja, The Immortal Swan, 1935.

Nimeitazama ile dansi yake ya bata maji anayekufa labda mara thelathini. Sijui lolote la baleti, lakini mikono yake ikishuka nasikia kitu tumboni. Na nikitazama kama fundi naona jambo moja la kunikera: kamera imekaa mbali. Haimfuati usoni. Mwili wote umo, kutoka utosini mpaka ncha ya kiatu, na nafasi ya sakafu imebaki mbele yake na nyuma yake. Huenda yule mpiga picha hata hakuipenda ile dansi. Alirudi nyuma hatua sita, basi. Mimi 1997 nilikuwa na baraza mgongoni. Ningepanda.

Naomba mchango wenu. Wazee waliobaki wa kirumbizi na goma hapa Amu tunawahesabu kwa vidole. Nataka tuwapige video ipasavyo, na sitaki kurudia ujinga wangu kwa kamera ya kisasa.

---

NgomeNyuma

Kaka, umevuka bahari kwenda kuteka maji. Kirumbizi hujifunzi kwa kutazama, unajifunza kwa kupigwa. Mimi nilifundishwa Siyu. Ukitoa mguu vibaya fimbo inakupata ya kifundo, na kesho yake hurudii. Video haimpigi mtu. Mpe huyo kijana fimbo, mtie uwanjani, mengine atayajua kwa uvimbe.

---

FundiKanda_Langoni

Nakubali uvimbe ni mwalimu. Lakini nani ampige? Aliyejua kumpiga kwa mtindo wa Mzee ni Mzee.

Na hapo kuna kitu nilichotaka kukileta baadaye, umenitangulia. George Balanchine alikuwa mtunzi mkubwa wa baleti New York, alifariki 1983. Dansi zake nyingi zilishapigwa video jukwaani. Hata hivyo, miaka ya 1990 taasisi yenye jina lake ilianza kazi ya namna nyingine. Waliwatafuta wale waliotungiwa dansi hizo kwanza, wengi umri umeshawakalia, wakawaweka ndani ya chumba cha mazoezi na vijana, kamera ikawashwa. Mmoja wao alikuwa Maria Tallchief, yule aliyetungiwa Firebird ya 1949.

Unachokiona humo ni mafunzo. Kijana anacheza, mkongwe anamsimamisha, "la, rudi, uzito uko mguu gani?" Makosa nayo yamo. Kwa hiyo unaona hatua iliyokosewa na unaona ilivyonyooshwa. Kwa maneno yako ewe mtu wa Siyu, unaiona fimbo ikitua kifundoni. Onyesho la jukwaani lingekupa hatua peke yake, bila sababu yake.

Ndiyo maana nasema tukimpiga video mzee akicheza harusini tumefanya nusu. Nusu ya pili tumpige asubuhi, uwanja mtupu, anamkaripia kijana.

---

NgomeNyuma

Hiyo ya kukaripia naiunga mkono kwa mikono miwili 😂 Wazee wetu hawatahitaji mazoezi.

---

Taarab_na_Chapati

Swali la mjinga. Nimemtafuta huyo Pavlova mtandaoni. Mbona anakimbiakimbia kama anawahi boti ya saa kumi na mbili? Ndivyo ilivyokuwa baleti ya zamani?

---

FundiKanda_Langoni

Si ya mjinga hata kidogo. Kamera nyingi za wakati ule zilizungushwa kwa mkono. Mpiga picha akizungusha polepole anapata labda picha kumi na sita au kumi na nane kwa sekunde. Baadaye sinema ya sauti ilipokuja, mashine zikawekwa picha ishirini na nne kwa sekunde. Ukiitia ile filamu ya zamani kwenye mwendo mpya, kila mtu anakimbia, hata maiti kwenye jeneza. Wahifadhi makini huirudisha kwenye mwendo wake, na shida ni kuujua huo mwendo, maana mkono wa mtu si saa. Kwa kuwa hakuna sauti, hakuna muziki wa kupimia.

Sisi tuna bahati. Kwenye kanda zetu zumari na ngoma zimo. Video ikichezwa haraka, zumari italia kama mbu, hata mtoto atagundua. Kwa hiyo ninyi mnaopenda kutoa sauti ya uwanjani mkabandika kaswida au taarabu juu yake, nawaomba, tena kwa adabu: bandikeni kwenye nakala. Ya asili iacheni na vumbi lake.

---

BintiWaMkomani

Nimesoma kimya kimya, sasa niseme. Mnazungumza kana kwamba wachezaji wa Lamu wote ni wanaume wenye fimbo.

Vugo na lelemama zetu huchezwa ndani, wanawake watupu, na simu hukusanywa kapuni mlangoni. Tumetaka iwe hivyo. Bibi yangu anacheza amefungua nywele, amevaa dhahabu, na furaha yake ile si ya macho ya mtu wa duka la Langoni. Samahani ami. Basi tufanyeje? Mimi sitaki kumpiga video, na sitaki afe na hatua zake.

Nilichofanya ni hiki. Tulitandaza unga wa ngano sakafuni, kiasi cha kilo mbili (mama alininunia siku nzima kwa ule unga). Bibi akapita na hatua za vugo, polepole, akiitikia wimbo mwenyewe. Kisha nikapiga picha nyayo. Uso haumo, nywele hazimo, hata sauti sikurekodi. Nina picha kumi na nne. Mguu wa kulia unagusa kwa vidole tu, huo wa kushoto unatua wote. Nilikuwa nimecheza vugo tangu utotoni na hilo sikuwahi kuliona mpaka nilipoliona kwenye unga.

Halafu nikasoma kwamba hata baleti ina maandishi yake. Mwaka 1955 bibi na bwana Benesh, Joan mchezaji na Rudolf mhasibu, walitoa mfumo wa mistari mitano kama ya muziki. Mstari wa juu ni kichwa, unaofuata mabega, kisha kiuno, magoti, na wa chini sakafu. Mpaka leo wapo watu ambao kazi yao katika makundi ya baleti ni kuandika dansi kwa mistari hiyo. Dansi nzima inakaa kwenye karatasi na hakuna aliyeonwa.

---

FundiKanda_Langoni

Dada yangu, umenikalisha chini. Kilo mbili za unga zimeshinda kamera yangu ya begani.

Nikuongezee moja, na ni onyo. Yule Nijinsky niliyemtaja aliandika mwenyewe dansi yake ya Faune, ile aliyoitoa 1912. Aliiandika 1915 kwa alama alizozitengeneza kwa kuanzia mfumo wa zamani wa Kirusi. Daftari likabaki, lakini msomaji hakuna. Mpaka mwishoni mwa miaka ya 1980 ndipo wanawake wawili, Ann Hutchinson Guest na Claudia Jeschke, walipofanikiwa kuzifasiri. Zaidi ya miaka sabini dansi imelala kwenye karatasi, mlango umefungwa na funguo imetupwa.

Kwa hiyo nyuma ya kila picha ya unga andika: mguu upi wa kwanza, neno gani la wimbo linaangukia hatua gani, pembe ya vugo imegongwa wapi. Andika leo wakati Bibi yupo wa kukusahihisha.

---

BintiWaMkomani

Nitaandika. Na picha zinabaki kwetu, nyumbani. Anayetaka kujifunza, awe mwanamke, aje anywe kahawa.

---

Dereva_wa_Casuarina

Salamu kutoka Malindi. Huku kwetu, kama mjuavyo, mtoto anajua "ciao" kabla ya "shikamoo", basi mambo ya baleti tumeyasikia kwa Wataliano.

Kulikuwa na bibi mmoja mzee wa Kitaliano nilikuwa nikimwendesha sokoni kila Jumatano. Sebuleni kwake kulikuwa na picha ya Carla Fracci, nami nilidhani ni mwanawe. Akanicheka sana. Fracci ni mchezaji wa baleti wa jumba la La Scala, Milano, amezaliwa 1936, babake alikuwa dereva wa tramu. Hapo mimi nikampenda, mtoto wa dereva mwenzangu. Amefariki Mei 2021. Bibi alinionyesha kwenye kompyuta ile filamu ya baleti ya Giselle ya 1969, Fracci na Erik Bruhn, akawa ananisimamishia kila baada ya dakika moja kunieleza. Safari ya soko la nusu saa ikawa ya saa tatu. Samaki waliisha.

Mwaka huo huo aliofariki, televisheni ya Italia, RAI, ilitoa filamu ya maisha yake. Anaigizwa na mwigizaji. Nilimuuliza bibi kama ni nzuri, akasema nzuri, alilia, lakini akitaka kumwona Carla anarudi kwenye Giselle. Nadhani hilo lina uzito kwenye uzi huu, maana kuna watu watakuja hapo kwenu na pesa za kupiga "filamu ya maisha ya Mzee", na mwigizaji, na machweo ya jua, na jahazi linapita. Itapendeza. Miguu haitakuwemo tena.

Nilichotaka kusema hasa ni cha kabati lake. Alikuwa na filamu ndogo za Super 8 za ujana wake, ndani ya makopo ya bati. Siku tulipofungua ilitoka harufu ya siki, kali, kama achari iliyochacha. Filamu moja imejikunja, imekuwa ngumu kama ngozi ya papa iliyokaushwa. Fundi aliyekuja kutoka kwao akasema ile siki ni filamu yenyewe inaoza, joto na unyevu vinaiharakisha, na mvuke wake huambukiza zilizo jirani. Zile za makopo mengine zilipona. Zilizokaa kopo moja na ile mbaya zote zimekwenda. Mkikuta harufu hiyo kwenye kabati la mtu, tenganisheni siku hiyo hiyo.

---

Unyevu_wa_Bahari

Na za VHS hazinuki siki, zinaota ukungu. Nafanya kazi hizi Mombasa, niseme kwa ufupi maana wengi wataniuliza inboksi.

Ukiona vumbi jeupe kwenye ukingo wa kanda kupitia kidirisha, usiitie kwenye deki. Ukungu utapaka kichwa cha deki na kanda zote zitakazofuata zitaupata. Safisha kwanza. Kabla ya kuicheza isokote mbele mpaka mwisho na uirudishe, ilegee. Vunja kile kijino cha plastiki mgongoni mwa kanda ili isiweze kurekodiwa juu yake. Nilipokea kanda ya goma la miaka ya themanini, dakika ya ishirini na mbili katikati ya ngoma linatokea goli la Senegal dhidi ya Ufaransa, Kombe la Dunia 2002. Mwenyewe alisema ile ilikuwa mechi ya kihistoria. Sikuwa na la kumjibu.

Kanda zilizoletwa na wageni wa Marekani huwa za mfumo wa picha wa NTSC, na deki zetu nyingi ni za mfumo mwingine, PAL, kwa hiyo ukiona picha inaruka haina rangi usidhani imekufa. Deki zenyewe ndizo zinazokufa. Funai wa Japani, kiwanda cha mwisho kilichokuwa kikizitengeneza, kiliacha Julai 2016. Kuanzia hapo ni kuchinja deki mbili upate moja. UNESCO nao wakishirikiana na wahifadhi wa sauti na picha walitoa tahadhari ya kanda za sumaku kuanzia 2019, wakisema baada ya 2025 hivi kitakachokuwa hakijahamishwa huenda kisihamishike tena. Hesabuni wenyewe tuko mwaka gani.

Mkishahamisha: nakala tatu, aina mbili za chombo, moja iwe mji mwingine. Nawasihi kitu kimoja, WhatsApp si ghala. Inaibana picha mpaka mguu unakuwa tope.

---

Mzee_wa_Kibarazani

Vijana, hamjambo. Mjukuu wangu ndiye anayeniandikia.

Huyo mnaemwita Mzee nalimjua, tulikuwa chuo kimoya. Alikuwa hodari, sitamvunja. Lakini mwaimba ina lake kwa kuwa alikuwa akialikwa harusi za wenye mali, na huko ndiko kulikokuwa na kamera. Aliyemfundisha alikuwa mtu wa Matondoni, fundi wa majahazi, mkono mmoya mfupi. Ule mguu wa kushoto mnaoutafuta kwenye kanda ni wake yule. Hakupigwa hata picha ya kipande. Yana nalipopita ndia ya sokoni nikawa namkumbuka, nikaona niseme kabla mato hayajafumba.

---

FundiKanda_Langoni

Shikamoo baba. Ahsante, na naomba ruhusa nije barazani kwako na daftari.

Umenikumbusha kisa kimoja cha hao hao wa baleti ambacho sikukipa uzito nilipokisoma. Kuna filamu maarufu ya Romeo na Juliet ya 1966, Margot Fonteyn na Rudolf Nureyev. Paul Czinner aliipiga kwa kamera kadhaa kwa pamoja ili dansi isikatwekatwe, na kwa hilo nilimsifu sana. Fonteyn alikuwa na miaka 45 na Nureyev 26 dansi ilipozinduliwa London Februari 1965, na watu walipiga makofi wakaitwa mbele ya pazia mara 43. Dunia nzima ikajua hiyo ni dansi yao.

Lakini mtunzi, Kenneth MacMillan, aliitunga juu ya miili ya watu wengine: Lynn Seymour na Christopher Gable. Hatua zilitafutwa kwa magoti yao na migongo yao. Wakubwa wa jumba wakataka majina makubwa usiku wa uzinduzi, na filamu ikafuata majina. Unapotazama ile filamu leo unatazama mguu wa Seymour ndani ya kiatu cha Fonteyn.

Basi mtu wa Matondoni naye aingie kwenye orodha. Hatuna picha yake, lakini tunaweza kuwasha kamera ukatuonyesha, baba, pale ambapo mguu wa mwanafunzi ulitofautiana na wa mwalimu. Hata ukiwa umekaa. Hata kwa mkono juu ya meza.

---

Mzee_wa_Kibarazani

Ndoo baada ya alasiri. Usiye na watu wengi.

---

Taarab_na_Chapati

Swali jingine la mjinga. Nani atazimiliki hizi video? Naona mtu akizipakia mtandaoni, kesho mkahawa wa mbali unaziweka kwenye tangazo, na mjukuu hapati hata soda.

---

FundiKanda_Langoni

Hili limenisumbua kuliko la kamera. Mimi nilipiga ile kanda ya 1997, tajiri aliniuzia nakala (naam, aliniuzia mimi), bwana harusi alilipia kazi, Mzee alicheza. Nani mwenyewe? Miaka kumi iliyopita ningesema bwana harusi. Leo naona aliyecheza ana haki ambayo hatukuwahi hata kumuuliza.

Ninavyopendekeza kwa sasa: kabla ya kuwasha, mzee aseme mwenyewe mbele ya kamera, kwa Kiamu chake, nani aone na nani asione, na video ikae wapi. Dakika mbili tu. Karatasi hupotea, sauti yake itakuwa imo ndani ya video yenyewe. Nakala moja familia, moja jumba la makumbusho pale ufukweni kama familia ikiridhia, moja kwa ndugu wa Mombasa. Mimi dukani sitabaki na kitu. Nasema hivi hadharani ili mnikumbushe.

---

Unyevu_wa_Bahari

Tumeandika. Na mpangilio wa kamera?

---

FundiKanda_Langoni

Kamera mbili, hakuna ya tatu ya madoido. Ya kwanza juu ya stendi, imefungwa, mwili wote na fimbo yote ikinyooshwa, na mita moja ya mchanga kila upande. Haiguswi mpaka ngoma iishe. Fred Astaire kwenye sinema zake alikuwa mkali wa hili hili, aonekane mzima kutoka kichwa hadi kiatu, na kipande kirefu kisichokatwa. Ya pili chini, usawa wa goti, miguu mitupu. Asubuhi au jioni, kwa sababu jua la saa sita linaua kivuli na mguu mweusi juu ya mchanga mweupe unageuka doa. Anayetaka nyuso apige kwa simu yake, simkatazi.

Na mpiga zumari awepo hai. Tukicheza zumari ya kurekodiwa mchezaji atafuata mashine, wakati kwenye kirumbizi zumari ndiyo inayomfuata mchezaji.

---

Mjukuu_11

Mimi ndiye mwenye kapu. Sikutaka kuandika, lakini kuna kitu.

Ami, ile kanda ya tano uliyonipa kwenye fleshi nimeitazama usiku nyumbani, sauti nimezima ili nisimwamshe mama. Dakika 41 na sekunde 12. Umevuta uso wa bwana harusi. Usimtazame bwana harusi. Nyuma yake, kulia, kuna ukuta uliopakwa chokaa, na taa ya jenereta imewekwa chini upande wa pili. Tazama ukutani.

---

FundiKanda_Langoni

Subiri nifungue.

---

FundiKanda_Langoni

Subhanallah.

Wana jamvi, kivuli chake. Kikubwa kama mlango. Kiuno kwenda chini, fimbo imo, na miguu yote miwili. Nimehesabu sekunde tisa kabla sijaisogeza kamera mwenyewe, mjinga mimi. Kisigino cha kushoto hakigusi chini hata mara moja.

---

Mjukuu_11

Nilidhani mimi ndiye ninayekosea. Nilikuwa nakitua.

---

Mzee_wa_Kibarazani

Hakitui. Yule wa Matondoni alikuwa akitutilia ganda la chaza tini ya kisigino.

---

NgomeNyuma

Jumamosi nakuja na boti ya asubuhi kutoka Siyu, nina fimbo nne za mkoma. Stendi nani anayo? Ile yangu ina mguu mmoja uliovunjika.

---

Dereva_wa_Casuarina

Ipo huku Malindi, ya yule bibi, ya chuma, nzito. Nitampa makanga wa basi la asubuhi, mtu aipokee Mokowe.